Mbuzi wa bibi na kipimajoto changu

Mwezi wa tatu, matope kila mahali, mimi daktari wa mifugo niliitwa kutibu mbuzi huko Mnazi Mmoja, pale njia ya Masasi inapoachana na ya Mtwara. Bibi mmoja ana mbuzi saba, na jike wake mweupe "haeleweki". Kule Mtama nako nilikuwa nasubiriwa na mwenye ng'ombe, kwa hiyo nilifika na haraka zangu, nazo ndizo zilizoniponza.

Vijana watatu wakamkimbiza mbuzi kuzunguka mikorosho mpaka wakamkamata pembe. Nikamjia kwa nyuma. Ndiyo, kwa nyuma, mimi niliyefundishwa chuoni kwamba mboni ya mbuzi imelala kama mstari, anaona karibu pande zote isipokuwa nyuma yake hasa. Akarusha teke, kipimajoto kikaangukia matopeni. Nikakiosha, nikarudia: 40.6. Homa hiyo! Nikaanza kuvuta oksitetra, dawa ya kuua bakteria, kwenye bomba la sindano.

"Mjukuu wangu," bibi akasema, hata mkekani hajainuka, "wewe ukikimbizwa hivyo, jasho lako nalo tuliite malaria?"

Vijana wakacheka. Mimi sikucheka.

Akaagiza mbuzi afungwe kivulini pamoja na mwanawe, maana akitengwa peke yake hatulii. Mimi nikapewa muhogo wa kuchemsha, nikakaa. Mbuzi maumivu huyaficha mbele ya mtu anayemwogopa; aliponisahau ndipo akaanza kusema. Wenzake wanacheua, yeye hacheui. Anasaga meno, krr, krr, ananyamaza. Akisimama, uzito wote anautupia kulia. Bibi akaongeza kwamba wiki nzima anaingia zizini wa mwisho, na huyo ndiye aliyekuwa kiongozi wao. Hilo ningeliuliza kabla sijashuka kwenye pikipiki.

Baada ya nusu saa nikapima tena: 39.3, joto la kawaida kabisa kwa mbuzi. Nikainua mguu wa mbele wa kushoto. Katikati ya kwato pameoza, na harufu yake ukishainusa mara moja huisahau. Nikachonga, nikaosha, nikapulizia dawa ya bluu. Muda wote huo bibi alikuwa anamkuna shingo tu, kijana hata mmoja hakuhitajika.

Mtama nilifika saa kumi na moja jioni. Mwenye ng'ombe amenuna, ng'ombe mwenyewe kalazwa chini, kafungwa miguu yote minne, macho yamemtoka. Nikamwomba mzee amfungue kwanza, halafu aniazime kigoda.