Nilivyoondoa rufaa ya kihamba na kuomba muda upya, Mahakama Kuu Moshi

Rufaa yangu ya kihamba, yaani shamba la ukoo kwa Wachaga, kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ilifika Mahakama Kuu ndani ya siku 45 zinazotakiwa. Kasoro ilikuwa kwenye jina. Barazani nilishtaki kama msimamizi wa mirathi ya marehemu, lakini sababu za rufaa zilinitaja kwa jina langu tupu. Hilo linatosha kuzaa pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria ya kutaka rufaa itupwe kabla haijasikilizwa, na pingamizi likishawekwa, jaji huwa mzito kukuruhusu ujitoe, maana utaonekana unalikimbia. Kwa hiyo niliomba kuiondoa rufaa siku ya kutajwa, upande wa pili ukiwa haujaandika kitu. Gharama tulishakubaliana mapema na wakili wao: kila upande ubebe zake.

Sasa sikilizeni vizuri ndugu zangu. Ruhusa ya kuileta rufaa upya hairudishi siku hata moja. Zile 45 zilikwisha rufaa ikiwa bado mahakamani, hivyo lazima uombe kuongezewa muda, na saa inatembea tangu jaji anapotamka amri. Watu wanarudi nyumbani kutafuta hela ya wakili, wiki tatu zinakatika, na wiki hizo hazina maelezo.

Kipimo kinachotumika sana ni cha shauri la Lyamuya Construction, maombi ya madai namba 2 ya 2010, lililoamuliwa na Mahakama ya Rufani hapo Arusha: eleza muda wote uliochelewa, ucheleweshaji usipindukie, onyesha bidii wala si uzembe, na kama kuna sababu nyingine nzito, mfano uharamu ndani ya uamuzi unaopingwa, iseme. Muda ambao rufaa ya kwanza ilikaa mahakamani unasameheka ikiwa ililetwa kwa wakati. Zinazobaki ni siku za baada ya kuiondoa.

Zangu zilikuwa 10. Amri ilitoka Jumatatu. Jumanne nikapeleka barua ya kuomba nakala ya amri, nikagongewa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yangu ya barua. Ijumaa nikaipata amri. Mbili zilizofuata ni Jumamosi na Jumapili. Jumatatu na Jumanne wakili aliandaa maombi, Jumatano nikaapa mbele ya kamishna wa viapo, Alhamisi yakapakiwa kwenye mfumo wa mahakama, namba ya malipo ikatoka, nikalipa papo hapo. Kiapo, yaani maelezo ya maandishi niliyoyaapia, kiliandikwa hivyo hivyo, siku kwa siku, barua na stakabadhi zikiambatishwa.

Rasimu ya kwanza ilisema "nilifuatilia mara kwa mara" na "karani aliniambia nakala haijawa tayari". Nilizifuta zote mbili. La kwanza halielezi siku yoyote. La pili linamhitaji karani mwenyewe aape, la sivyo ni uvumi tu. Pale chini pa kuapia, hakikisha pana mahali, tarehe na jina la kamishna. Kiapo kisicho na tarehe huanguka hata kama sababu ni nzuri.

Jambo lingine: kuomba muda hakuzuii mshindi kukazia hukumu. Kusimamisha utekelezaji kunaombwa peke yake. Nililiwahi kabla migomba haijakatwa.

Nilipewa siku 14. Rufaa mpya niliiwasilisha siku ya 3, na kila palipo na jina langu pameandikwa "msimamizi wa mirathi ya marehemu".