Nilikwenda Bagamoyo Kununua Mwanahiti

Kutoka Makumbusho nilisimama mpaka Bunju, kwapa la konda usoni. Kushuka Bagamoyo, bodaboda akanitoza elfu tano kwa mwendo wa kutembea. "Dada, kwani wewe si mgeni?" akasema, eti hiyo ndiyo sababu.

Kaole nilizunguka magofu, ya tangu karne ya 13, jua likanifukuza. Nilichofuata hasa ni mama mmoja msanii: anachonga, anapiga ngoma, anashona, na vyote hivyo huvitoa kwenye hadithi na unyago wa Kizaramo. Alisoma Chuo cha Sanaa, kile kilichoanzishwa 1981, siku hizi TaSUBa.

Nilimkuta barazani, mwanahiti, yule mwanasesere wa mti wa unyago, kamlaza kwenye kanga: kijiti cha urefu wa shubiri, hana mikono, kichwani vishungi viwili, matiti na kitovu vimechomoza. Shikamoo, marahaba, nikauliza bei. Kimya. Nikataja elfu thelathini. Arobaini. Akaingia ndani, akarudi na chupa ya mafuta ya mbarika.

"Mpake kwanza."

Nikampaka harakaharaka.

"Unafuta meza?" Akaninyang'anya. "Mwali akiwekwa ndani huyu ndiye mwanawe. Anamwogesha, anampaka, anamtengeneza nywele. Ukimtupa huyu, wako utamlea vipi?"

Kidole gumba chake kilianzia utosini, kwenye mfereji kati ya vishungi, kikashuka taratibu hadi kitovuni, kikarudi. Mti uliokuwa na rangi ya vumbi ukaanza kung'aa kama bega la mtu aliyetoka kuoga. Huku anaimba chinichini, wimbo wa mkole, wa unyago wetu. Nusu ya maneno sikuyaelewa, na mimi Mzaramo, baba na mama wote wa Kisarawe! Mbagala imenilea, lakini aibu ni aibu.

Nikajikuta namwambia kwamba na kwetu alikuwapo mmoja. Bibi alimuuza kwa mgeni aliyekuja na gari, akapata hela ya mabati mawili. Mama alipochezwa akapewa gunzi la mahindi alee hilo. Mimi sikuchezwa kabisa, nilikuwa na mtihani wa darasa la saba. Mabati yenyewe yako juu ya jiko mpaka leo, yametoboka. Mvua ikinyesha tunahamisha sufuria.

"Wenu alikuwa na vishungi vingapi?"

Sikujua. Nikampigia mama palepale, nikaweka sauti kubwa. Alikaa kimya hadi nikadhani salio limekata.

"Kimoja," akasema. "Kimemeguka upande wa kushoto, nilimwangusha mimi. Nani anauliza?"

Msanii akachukua kipande cha mkaa, akachora ukutani shungi moja lenye pengo. Bei hakunitajia, na mimi sikuuliza tena.

Jioni nikasimama tena, safari hii mpaka Makumbusho, mkono ukiteleza kwenye bomba kwa mafuta.