Hedifoni za PS4 kwenye kompyuta zinapiga kazi vizuri tu

Wakuu, kama una hedifoni za PS4 (ile mashine ya kuchezea gemu) zile za waya usikimbilie kununua zingine za kompyuta. Zangu nilichomeka kwenye desktop tundu la kijani, sauti ikaja safi kabisa ila maiki kimya, washkaji kwenye gemu wananiita tu hawanisikii. Sababu ni hii, ukiangalia pini yake ina mistari mitatu, yaani sauti na maiki vyote vinapita humo humo, wakati desktop nyingi zimevitenganisha, kijani sauti, pinki maiki. Dawa ni kile kiwaya cha Y, upande mmoja tundu moja, upande wa pili pini mbili, kwa wauza vifaa vya simu kipo na bei yake ya kawaida tu. Laptop yenye tundu moja la hedifoni na maiki wala haihitaji, unachomeka moja kwa moja. Halafu ingia setingi za sauti za Windows, chagua maiki hiyo, ongea uone ule mstari wa kiwango cha sauti ukicheza, sauti ikiwa chini pandisha. Yangu nilipandisha kidogo na sasa wananisikia freshi, nimefurahi sana aisee!