Siku moja maishani mwa fundi mitambo ya sauti: ndoa ya ufukweni Kigamboni

Saa 12:30 asubuhi

Kabla ya kupakia chochote tunaangalia jedwali la maji kupwa na kujaa. Dar es Salaam, siku za bamvua, yaani mwezi mpevu na mwezi mwandamo, maji hujaa karibu na saa 10 jioni, na tofauti kati ya kupwa na kujaa hupita mita 3. Ndoa nyingi za ufukweni hupangwa saa hiyohiyo. Kamati ikienda kukagua eneo saa 4 asubuhi itaona mchanga mpana, mkavu, itasema "hapa hapa". Jioni hapo ni bahari. Siku za maji mafu, bahari isipojaa sana, hofu hiyo hupungua sana.

Kwa wageni 150, kirikuu kimoja kinabeba kila kitu: spika 2 za inchi 12 zenye amplifaya ndani, spika 2 ndogo za inchi 10, miksa ya chaneli 12, maiki 2 za mkononi zisizo na waya, 1 ya kifuani kwa mchungaji, 1 ya waya ya akiba, maboksi 2 ya DI (ya kuunganisha ala kama kinanda na miksa), stendi 4, vipande vya plaiwudi na mifuko mitupu ya kujaza mchanga. Sabufa zinabaki stoo. Muziki wa kucheza ni kazi ya ukumbini usiku. Hapa kazi ni maneno.

Saa 3 asubuhi

Tunapita Daraja la Nyerere, kwa sababu foleni ya pantoni Jumamosi haina mwenyewe.

Tukifika, umeme kwanza. Kutoka soketi ya hoteli hadi mchangani mara nyingi ni mita 40 hadi 60, na ekstensheni nyembamba ya dukani hushusha volti kiasi cha spika kuzimika zikipewa kazi. Tunatumia waya wa milimita 2.5 za mraba. Kama uko kwenye roli, unafunguliwa wote hata ukizidi, maana waya uliojiviringa hupata moto na ganda huyeyuka. Mwanzoni mwa waya kuna swichi inayokata umeme ukivuja miliampia 30. Mchanga wenye maji ya chumvi si mahali pa kufanya mzaha.

Jenereta ya akiba inawekwa upande wa bara, nyuma ya ukuta. Upepo wa mchana hutoka baharini, hivyo moshi na kelele vinakwenda mbali na wageni.

Na wapishi wanaombwa mapema, kwa heshima zote, wasichomeke birika kwenye ekstensheni yetu. Watachomeka. Kwa hiyo tundu zilizobaki tunaziziba kwa utepe wa kitambaa wenye gundi.

Saa 5 asubuhi

Miguu ya stendi huzama mchangani, kwa hiyo kila stendi inakaa juu ya plaiwudi ya sentimita 60 kwa 60 na kushikiliwa na mfuko wa mchanga wa kilo 15. Spika kubwa zinasimama mbele ya mstari wa maharusi, kushoto na kulia, midomo ikipita juu ya vichwa vya waliokaa na kuinamishwa kidogo kuelekea safu za katikati. Zikiwa nyuma ya maiki, fidibaki, yaani mluzi wa maiki kunasa sauti ya spika, imekwisha kualikwa.

Spika ndogo zinawekwa pembeni, mita 9 nyuma ya zile kubwa. Sauti hutembea takriban mita moja kwa milisekunde 3, kwa hiyo kwenye miksa tunazichelewesha milisekunde 26, kisha tunaongeza 5 hadi 10. Sikio hufuata sauti inayofika kwanza. Mgeni wa nyuma anasikia vizuri lakini anahisi maneno yanatoka kwa mchungaji. Bila kuchelewesha, kila neno linasikika mara mbili.

Miksa inakaa kivulini tangu dakika ya kwanza. Jua la saa 7 huufanya uso wake usomeke kwa shida na vitelezi kushikika kwa shida zaidi.

Saa 7 mchana

Hapa ndipo ndoa inapoharibika au kupona. Mchungaji anaipa bahari mgongo, hivyo mwili wake unaikinga maiki ya kifuani. Maharusi wanamtazama yeye, yaani upepo unawapiga usoni. Kwa viapo tunatumia maiki ya mkononi yenye sponji nene, ikishikwa na msimamizi, ngumi moja kutoka mdomoni. Maiki ya kifuani kwenye gauni la bibi harusi hunasa upepo, shela na mkufu, kisha sauti yake kidogo.

Chaneli zote za maneno zinakatwa besi chini ya hezi 120. Halafu tunapandisha maiki moja moja hadi ianze kupiga mluzi, tunatafuta masafa hayo kwenye ikwalaiza (sehemu ya miksa ya kupandisha au kushusha besi, kati na juu), tunayapunguza kwa mkato mwembamba, na kurudisha sauti chini desibeli 6. Mikato mitatu inatosha. Ukifika sita, hamisha spika. Idadi ya maiki zilizo wazi ikiongezeka mara mbili unapoteza desibeli 3 za usalama, ndiyo maana anayesema tu ndiye anafunguliwa.

Vipokezi vya maiki zisizo na waya vinainuliwa juu ya vichwa vya wageni. Tukivijaribu ufukwe ukiwa mtupu vinafanya kazi vizuri. Watu 150 wakisimama katikati, miili yao inakula mawimbi ya redio.

Simu ya nyimbo inahitaji waya unaogawa kushoto na kulia kwenda chaneli mbili. Jeki ya stirio ikichomekwa moja kwa moja kwenye tundu la balansi (la maiki na laini, linalotoa upande mmoja kwenye mwingine), pande mbili hufutana na sauti ya mwimbaji hupotea, inabaki vyombo tu. Watu hulaumu simu. Wimbo uwe umepakuliwa, na simu iwe hali ya ndege.

Kinanda cha kwaya kikivuma, tunabonyeza swichi ya kukata ethi ya waya wa sauti kwenye boksi la DI. Kung'oa ethi ya plagi ni kutafuta msiba.

Saa 9:30 alasiri

Betri mpya zinaingia sasa. Za asubuhi zilikuwa za majaribio. "Mchungaji, shikamoo, naomba nikufungie maiki." Inabanwa shubiri moja chini ya kidevu, mbali na ukingo wa stola (kitambaa kirefu cha shingoni cha mchungaji), na waya unaachiwa kitanzi ili usivutwe akigeuka.

Wapiga video wanapewa sauti kutoka kwenye miksa, imepunguzwa, maana kamera nyingi husubiri sauti ndogo ya kiwango cha maiki na zikipewa sauti kamili hukwaruza.

Saa 10 jioni, kwa kadi

Kwa kawaida bibi harusi anaingia saa 11. Matarumbeta yakipiga, maiki zote zinafungwa. Vigelegele vya akina mama wa mbele vinaweza kuizidi maiki ya mchungaji, kwa hiyo kompresa, inayobana sauti ikipanda ghafla, imewekwa tayari na kidole kinabaki juu ya kitelezi. Kwenye viapo hatugusi simu zetu, hatuongei. Macho yako kwenye mdomo wa msemaji, maana huo ndio unaotuambia maiki ipi ifunguliwe.

Saa 12:30 jioni

Spika zinazimwa kwanza, miksa mwisho, la sivyo utasikika mshindo. Waya hukunjwa kitanzi cha juu na cha chini kwa zamu. Kuuzungusha kwenye kiwiko huvunja nyuzi za ndani. Kila kitu kinafutwa kwa kitambaa chenye maji kidogo yasiyo ya chumvi kisha kikavu, kwa sababu chumvi hula jeki ndani ya wiki chache. Betri zinatolewa kwenye maiki, maiki zinahesabiwa mbele ya msimamizi, na ile ya kifuani inadaiwa kwa mchungaji kabla hajapanda gari.