Pete Postlethwaite, mwigizaji ninayemwamini
Jana usiku nimeangalia tena In the Name of the Father (1993), na nimelia palepale: Giuseppe Conlon, baba mgonjwa, yuko gerezani Uingereza pamoja na mwanawe kwa kosa ambalo hawakulitenda. Pete Postlethwaite hana haja ya kupaza sauti. Anakohoa, anasali, anamtazama mwanawe, basi. Kwa kazi hiyo aliwania Oscar ya mwigizaji msaidizi, na alistahili kabisa.

Alizaliwa Warrington mwaka 1946, akafundisha shule kwanza, kisha akapanda jukwaani, ukumbi wa maigizo wa Everyman wa Liverpool ukiwemo. Uso wake wa mifupa iliyochomoza haukuwa wa kupamba mabango, na nadhani ndiyo sababu tunamwamini. Kwenye Brassed Off (1996) anaongoza bendi ya wachimba makaa ya mawe. Kwenye tamthilia ya Sharpe ni Sajini Hakeswill, katili hadi unatamani kuzima televisheni. Mtu yuleyule!

Sisi Wakenya tunaye pia kwenye The Constant Gardener (2005), iliyorekodiwa kwa sehemu hapa kwetu. Saratani ilimchukua Januari 2011, akiwa na miaka 64. Mwenye filamu yake Distant Voices, Still Lives (1988) aniambie, naitafuta.