Nilivyojifunza kuusoma Mto Mirongo

Sisi wa Mabatini tunaujua Mirongo: kiangazi unauruka kwa hatua, masika unaingia ndani bila kubisha hodi. Jiji la Mwanza limekaa juu ya mawe, na jiwe halinywi maji. Nyumba nazo zimepanda hadi vileleni, bati juu, saruji chini. Mvua ikipiga huko, yote yanateremka kwa pamoja. Ukisubiri inyeshe kwako, umechelewa.

Nilianza na nguzo ya kivuko cha miguu. Wakati mto umekauka, fundi rangi wa mtaani alinichorea alama kila sentimita 10. Kisha nikamwomba wifi yangu, anayekaa mlimani, aweke uani kopo lililonyooka pande zote. Maji yakifika milimita 1 humo, ni sawa na lita 1 kwa kila mita ya mraba ya ardhi. Milimita 20 ni ndoo nzima ya lita 20 imemwagwa kwenye kila mita ya mraba ya mlima!

Basi mvua ikianza ananipigia: "Wifi, huku inamwaga kweli, toeni vitu." Naandika saa kwenye daftari, nakwenda kuitazama nguzo. Masika ilipoisha nilishajua nina muda gani: wa kupandisha magodoro na unga, na kupeleka watoto kwa jirani wa juu. Wa kubishana haupo.

Ila kina peke yake hudanganya. Hili lilinichukua muda kulielewa. Siku hizi narusha chungwa lililooza, ambalo huelea likiwa nusu limezama, nahesabu sekunde kutoka kivukoni hadi mwembe wa chini. Maji yakipanda na chungwa likikimbia, mto wenyewe umejaa, tunaondoka. Maji yakipanda na chungwa likizubaa, kalavati la mbele limezibwa na takataka, na kama mvua bado ni ndogo vijana wanawahi na reki.

Najua Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za watu za kudumu, au zinazoweza kuharibu kingo za mto, ndani ya mita 60 kutoka mtoni, nasi tumo humo. Lakini mpangaji mwenye watoto hahami kwa siku moja, na watoto hao ndio ninaowapimia maji.

Mchanga husugua rangi ya nguzo vibaya sana. Kila Septemba, kabla ya vuli, tunachanga tunapaka upya, na alama nyekundu ya kuondoka tumeishusha: usiku watu huchelewa kuamka.