Siku moja maishani mwangu: Coaster mbili, njia ya Urambo na funzo la Niki Lauda

Saa 11 alfajiri

Nina Coaster mbili, mabasi madogo ya abiria, hapa Tabora. Moja inakwenda Urambo na kurudi, nyingine inapitiliza hadi Kaliua. Nilianza kwa kushika usukani mwenyewe, siku hizi nasimamia. Nikiulizwa biashara hii nimejifunza kwa nani, huwa namtaja Niki Lauda, dereva wa mbio za magari wa Austria, bingwa wa dunia wa Formula 1 mwaka 1975, 1977 na 1984. Watu wanamkumbuka kwa kofia nyekundu na makovu ya moto usoni. Mimi namkumbuka zaidi kama dereva na mwenye ndege aliyekuwa akisema wazi chombo kikiwa kibovu.

Gereji tunafika giza bado halijatoka. "Shikamoo mzee." "Marahaba mwanangu, umeamkaje?" Fundi wangu mkuu amekwisha ingia uvunguni na tochi. Kanuni yetu haijabadilika: kabla dereva hajawasha gari, anaeleza jana lilikuwaje njiani. Jibu la "liko freshi, bosi" kila siku silitaki. Lauda alipoingia timu ya Ferrari ya Italia mwaka 1974 alitumia muda mwingi kwenye kiwanja chao cha majaribio cha Fiorano, anazunguka, anashuka, anawaambia mainjinia kinachosumbua. Mwaka uliofuata akawa bingwa. Dereva anayelisikiliza gari lake na kulisemea ni mali, na mimi ninaye mmoja.

Leo huyo wa Kaliua kanivuta pembeni. "Dada, breki pedali inazama. Ukipampu inarudi, lakini jana jioni imezama mara nyingi."

Fundi akapiga jeki, akavua gurudumu la nyuma kushoto, akatoa dramu. Nikachuchumaa kuangalia. Silinda ya gurudumu, ile inayosukuma viatu vya breki vibane dramu, inavuja. Mafuta ya breki yamekilowesha kiatu chote, na vumbi la barabarani limeganda juu yake likawa tope jeusi linaloteleza ukiligusa kwa kidole. Fundi akafuta kwa kitambaa, na mafuta yakachuruzika upya mbele ya macho yetu.

"Halitoki," nikasema. Dereva akaitikia kwa kichwa.

Saa 12 asubuhi

Kazi ngumu iko stendi. Abiria wamekwisha kata tiketi, mizigo iko chini: ndoo za mafuta ya kula, magunia, godoro limefungwa kamba. Konda wangu, kijana mzuri kwa kweli, akaninong'oneza: "Dada, tuwaambie trafiki wamelikamata. Watatuonea huruma."

Nikamkatalia. Tarehe 24 Oktoba 1976 kule Fuji, Japani, ilikuwa mbio ya mwisho ya msimu. Lauda alikuwa anaongoza kwa pointi dhidi ya mpinzani wake, Mwingereza James Hunt, na haikuwa imetimia hata miezi mitatu tangu aungue vibaya kwenye ajali ya Nürburgring, Ujerumani, tarehe 1 Agosti. Mvua ilikuwa kubwa na dereva haoni mbele. Alizunguka mara 2, akaingiza gari, akashuka. Wenzake wa timu wakajitolea kumfichia, waseme ni injini. Akakataa; akasema ameacha kwa sababu ni hatari. Ubingwa ukaenda kwa Hunt kwa pointi 1. Mtu aliyekuwa amerudi kushindana Monza, Italia, wiki 6 tu baada ya kuungua, majeraha hayajapona, nani angemwita mwoga?

Basi nikapanda kwenye benchi nikawaambia: "Ndugu zangu, gari lina hitilafu ya breki. Haliondoki. Anayetaka nauli yake anarudishiwa sasa hivi, anayetaka kusafiri nimeshaongea na mwenzangu, kuna nafasi kwenye gari lake."

Kelele zikawa kelele. "Si mwende taratibu, lami tupu hiyo!" Mama mmoja mwenye msiba Kaliua alilia, na huyo tulimpandisha wa kwanza. Mpiga debe akasema biashara haitaki woga. Lakini babu mmoja aliyekuwa kimya muda wote akainuka na mkongojo wake, akaniambia, "Ahsante kwa kutuambia, mayo," yaani mama kwa Kinyamwezi, akaenda kupanda gari la mwenzangu.

Saa 4 hadi saa 8

Silinda ya uhakika mjini hakuna. Niliyoletewa dukani ilikuwa nyepesi mno mkononi, nikairudisha. Nimepiga Mwanza, wakaipakia kwenye basi. Katikati hapo nimepita benki kulipa rejesho la Coaster ya pili, nikafuatilia bima, nikala wali maharage nimesimama. Rejesho linauma siku ambayo gari limelala. Lauda naye alianza kwa mkopo wa benki, dhamana ikiwa bima ya maisha yake, na deni lile lilimfuata miaka.

Saa 9 alasiri

Mzigo umefika. Fundi anafunga silinda na viatu vipya, pande zote mbili, maana breki hazibadilishwi upande mmoja. Kijana anayejifunza kazi akaniuliza: huyo mtu wako kwenye ndege alifaulu?

Nikamweleza. Lauda Air aliianzisha mwaka 1979 na mara nyingine alirusha ndege mwenyewe. Tarehe 26 Mei 1991 ndege yake aina ya Boeing 767 ikitoka Bangkok kwenda Vienna ilianguka Thailand. Watu 223, hakupona hata mmoja. Kifaa cha kugeuza msukumo wa injini, kinachotumika ndege ikishatua ili kupunguza mwendo, kilifunguka hewani. Lauda alikwenda mwenyewe eneo la ajali. Kisha akaenda kwa watengenezaji Marekani, akakaa kwenye simuleta, mashine ya ardhini inayoiga urushaji wa ndege, na kujaribu kuinusuru ndege katika hali ileile. Kila mara ilimshinda. Akawabana waseme hadharani kwamba rubani yeyote angeshindwa. Vifungio vya ziada vikaja kuwekwa kwenye ndege za aina hiyo.

Kijana akaacha spana mkononi. "Kwa hiyo marubani wake hawakuwa na kosa?" Hawakuwa nalo, na familia zao zilistahili kulisikia hilo. Mimi nikifikiria madereva wangu, ndipo Lauda anaponigusa kuliko kwenye makombe yote.

Saa 11 jioni

Wametoa hewa kwenye mfumo wa breki, mmoja anakanyaga pedali, mwingine anafungua nati, mpaka mapovu yakaisha. Nimelijaribu mwenyewe barabara ya uwanja wa ndege, mwendo mdogo kwanza, kisha nikaongeza nikakanyaga kwa nguvu. Pedali ngumu, gari linasimama limenyooka.

Saa 2 usiku

Hesabu ya leo ni ya gari moja. Dereva wa Urambo amerudi, na kabla ya kukabidhi pesa akaniambia kuna kitu kinagonga mbele kulia akikata kona. Anahisi ni boljointi, kile kiungo cha gurudumu la mbele. Nimemwambia fundi kesho aanze na hilo saa 10 alfajiri. Konda nimempa orodha ya waliokata tiketi za Urambo za saa 12 asubuhi, awapigie usiku huu huu kuwa huenda tukachelewa na sababu ni nini.